Ukwangala na Mizani: Maadili ya Wazee katika Biashara ya Kyela

Wanaoeleza biashara ya Korea Kusini mara nyingi huanzia kwa Confucius: mdogo amheshimu mkubwa, mkubwa amtunze mdogo, wote walinde upatano. Mafundisho hayo yaliongoza dola ya Joseon (1392–1910), na alama zake zingali kazini hadi leo. Nasi tujiulize: mkulima wa Talatala anapopeleka kakao au mchele sokoni, anaongozwa na maadili gani ya wazee wake?

1. Tulichorithi

Wanyakyusa wana neno ukwangala, yaani kufurahia kukaa pamoja, kula na kuzungumza. Monica Wilson, aliyefanya utafiti huko pamoja na mumewe Godfrey kati ya 1934 na 1938, aliliona neno hili kuwa kiini cha maisha yao. Wakati ule vijana wa rika moja walijenga kijiji chao wenyewe, na rika ndilo lililowafunza ukarimu, adabu na kusaidiana.

2. Faida na hatari

Roho hii hujenga ushirika. Kakao ya Kyela hukusanywa na vyama vya msingi na kuuzwa mnadani kwa stakabadhi ghalani. Mbegu za mmoja zisipochachushwa na kukaushwa vizuri, mzigo wa wote huharibika sifa.

Lakini Wilson aliandika pia kwamba watu waliogopa manung'uniko ya majirani, yakiaminika kuleta ugonjwa. Hofu hiyo huweza kuzuia dhuluma. Huweza pia kufunga midomo. Mwanachama kijana aweza kunyamaza mizani ikichezewa, kwa kuwa mpimaji ni mzee wa ukoo wake. Vivyo hivyo, mdogo wa kazini huko Korea huona vigumu kumsahihisha mkubwa. Na ukarimu unaoishia kwa ndugu humwacha mgeni apunjwe.

3. Mwanga wa Injili

Kitabu cha Mambo ya Walawi (19:33-36) kinaagiza kumpenda mgeni, kisha papo hapo kinadai mizani ya haki. Mambo hayo mawili hayatengani. Katekisimu (namba 2409) inahesabu kuwa kosa dhidi ya amri ya saba kupandisha bei kwa kutumia ujinga au shida ya mwingine. Basi anayenunua mpunga ungali shambani kwa bei ya kutupa, kwa kuwa mzazi anahangaikia ada ya mtoto, naye ajipime hapo.

Hitimisho

Heshima kwa wazee haifutwi. Amri ya nne inaidai. Lakini kumwambia mzee ukweli, faraghani na kwa adabu, nako ni kumheshimu. Tusiitupe ukwangala. Tuipanue, hata mgeni na maskini wapate nafasi mezani na kipimo kamili ghalani.

Maswali ya kutafakari

1. Katika jumuiya yetu ndogo ndogo, ni nani anayeogopa kusema anapopunjwa?
2. Je, mizani yetu ni ileile kwa ndugu na kwa mgeni?