Kila Chanzo na Kazi Yake: Kujiandaa kwa Mtihani wa Uuguzi mjini Kamina

Mwanafunzi wa uuguzi hapa Kamina hufundishwa na kutahiniwa kwa Kifaransa, kisha humsikiliza mgonjwa kwa Kiswahili au Kiluba. Mtihani wa kumpa ruhusa ya kufanya kazi unapokaribia, hukusanya daftari, vitabu na kamusi, akavisoma vyote kwa namna moja. Mimi naona kila chanzo kina kazi yake, na sisi wa isimu tunaweza kumsaidia kuzigawa kazi hizo.

Tuchukue neno *degedege*. Daftari la darasani litasema *convulsions*, litaje malaria kali miongoni mwa visababishi, na kueleza hatua za kwanza: mtoto alazwe ubavu, njia ya hewa ilindwe, sukari na malaria vipimwe. Hayo ndiyo mtahini anayoyataka. Lakini tafiti za Bagamoyo, Tanzania, katika miaka ya 1990 zilionyesha kwamba degedege mara nyingi ilichukuliwa kuwa ugonjwa mwingine, si malaria, wa kupelekwa kwa mganga wa jadi. Basi maneno mawili yanayolingana kwenye kamusi yanaweza kumpeleka mtoto kwenye milango miwili tofauti.

Kwa hiyo, daftari litoe jibu. Kamusi ihakikishe maana: *Kamusi ya Tiba* ya TUKI (2003) kwa Kiswahili, na *Dictionnaire kiluba-français* ya Van Avermaet na Mbuya (1954) kwa Kiluba. Hii ya pili tuitumie kwa lugha tu; matibabu ya leo hayatafutwi humo. Chanzo cha tatu ni kauli za wagonjwa, ziandikwe kama zilivyosemwa, bila majina yao.

Vyanzo hivyo vikutane kwenye kadi moja. Upande wa kwanza andika kauli ya mama. Wa pili, istilahi ya Kifaransa na hatua ya kwanza. Funga daftari, jibu, ndipo ugeuze kadi. Mwaka 2006, Roediger na Karpicke wa Marekani walionyesha kwamba baada ya wiki moja, waliojipima walikumbuka zaidi kuliko waliorudia kusoma. Kadi uliyokosa irudie kesho. Uliyopata, baada ya siku kadhaa.

Katiba ya 2006 inataja lugha nne za taifa, na Kiluba chetu hakimo. Wodini, hata hivyo, kimo kila siku. Muuguzi aliyejiandaa hivi atamjibu mtahini kwa Kifaransa, na mama atakapoeleza kwa maneno yake, atajua mara moja ni hatari gani inayotajwa.