Margaret, Malkia wa Uskoti

Ninyi mnaojitayarisha kwa Ubatizo, leo tusome habari za mke wa mfalme. Hakuwa na askari wake wala baraza lake. Alikuwa na sikio la mumewe tu.

Margaret alizaliwa Hungaria karibu na mwaka 1045, kwa maana baba yake, wa ukoo wa wafalme wa Uingereza, aliishi huko uhamishoni. Walirudi kwao, lakini mwaka 1066 Wanormandi waliiteka Uingereza, naye akakimbilia Uskoti pamoja na jamaa zake. Mfalme Malcolm akamwoa karibu na mwaka 1070.

Malcolm alikuwa mtu wa vita, hakujua kusoma. Hata hivyo mtawa Turgot, aliyemjua malkia na kuandika maisha yake, asimulia kwamba mfalme alivishika vitabu vya mkewe na kuvibusu. Tena malkia alipochukua fedha ya mfalme kwa siri awape maskini, mfalme alijua, akajifanya haoni. Pengine alimshika mkono akamtania.

Malkia alipokutana na wakuu wa Kanisa la nchi, yeye alisema Kiingereza, wao Kigaeli. Mkalimani alikuwa nani? Mfalme mwenyewe! Siku tatu walishauriana juu ya mwanzo wa Kwaresima na kazi za Dominika. Wengine hawakupokea Komunyo hata siku ya Pasaka, wakisema wao ni wakosefu. Margaret akawauliza: ikiwa mkosefu hawezi kuipokea kamwe, ni nani basi atakayeipokea? Anayetubu na kuungama aende.

Siku zile Waingereza wengi waliotekwa vitani walikuwa watumwa Uskoti. Malkia alituma watu kwa siri kuwatafuta walioteswa zaidi, akawalipia, wakawa huru. Na tuseme kweli: vita vya Malcolm mwenyewe viliwaleta wengi wao, wala mkewe hakuweza kuvikomesha.

Mwaka 1093 Margaret alikuwa mgonjwa huko Edinburgh. Alimshauri mumewe asiende pamoja na jeshi. Mara hiyo hakusikilizwa. Tarehe 13 Novemba Malcolm aliuawa, na mwana wao Edward akafa pia. Mwana mwingine alileta habari. Malkia alimshukuru Mungu hata katika uchungu ule, akafa tarehe 16. Wanawe watatu, Edgar, Alexander na David, walitawala mmoja baada ya mwenzake, na mwaka 1250 Papa Innocent IV alimtangaza Margaret kuwa mtakatifu.