Jina Ambalo Halikusomwa



Ndugu zangu wa kiume na wa kike, mwaka jana nilisimama mbele ya ubao wa matangazo nikatafuta jina langu mara tatu. Ilikuwa orodha ya waliopata ufadhili wa kwenda kusoma nje. Nilisoma kutoka juu kwenda chini, kisha kutoka chini kwenda juu, kisha nikaweka kidole kwenye kila mstari kama mtoto wa madrasa anayeanza juzuu ya amma. Sikuwemo. Nikatembea kwa miguu hadi Jabe, nikaingia dukani kwa baba mdogo, nikaanza kupanga mifuko ya sukari bila kuombwa.

Kwa wiki tatu sikuja kwenye darasa letu. Sikuwa mgonjwa, nilikuwa na aibu. Ni mimi niliyekuwa nikiwaambia wadogo zetu wa mwaka wa kwanza kwamba mwenye bidii hupata. Sasa ningewaambia nini?

Niliporudi, amiri wetu hakuniuliza nilikuwa wapi. Alinipa kazi tu: niandae somo kuhusu kutawakali. Somo hili ndilo nililoliandaa, na mfano wake niliupata mahali ambapo sikutegemea, kwenye mpira wa Kimarekani.

Video ya mdogo wangu

Mdogo wangu alinionyesha video fupi kwenye simu. Mchezaji aliyevaa kofia ngumu anadaka mpira uliorushwa kwa ajili ya wapinzani wake, anakimbia nao hadi mwisho wa uwanja, anateleza kwa magoti, kisha anasujudu. Mwamuzi anarusha kitambaa cha njano: adhabu. Mdogo wangu akauliza, "Kaka, huyu ni Mwislamu? Mbona wanamwadhibu?"

Huyo ni Husain Abdullah, na mchezo ule ulichezwa tarehe 29 Septemba 2014, Kansas City Chiefs dhidi ya New England Patriots. Mpira alioudaka ulirushwa na Tom Brady, mmoja wa warushaji wakubwa kabisa katika historia ya mchezo huo. Nilipomsoma zaidi, kilichonishika zaidi ya sijda yake ni jinsi alivyoanza. Jina lake halikusomwa.

Siku ya kusomwa majina

Huku kwetu mchezaji hutoka mtaani. Anacheza Jabe, Bwiza au Buyenzi, mtu wa klabu anamwona, anaitwa. Marekani si hivyo. Mchezaji wa mpira wao hupitia chuo kikuu. Anachezea timu ya chuo huku akisoma, na haruhusiwi kuingia ligi ya kulipwa, yaani NFL, mpaka ipite angalau miaka mitatu tangu amalize sekondari.

Kisha kila mwaka, mwezi wa Aprili, hufanyika uteuzi wanaouita drafti. Timu ni 32 na mizunguko ni 7. Kila timu kwa zamu yake inataja mchezaji inayemtaka, mbele ya televisheni. Familia hukusanyika nyumbani, mama amepika, simu iko mezani. Mwaka 2008, Husain alipomaliza katika Chuo Kikuu cha Jimbo la Washington, walitajwa wachezaji 252. Yeye hakuwemo. Na kaka yake, Hamza, aliyesoma chuo hicho hicho, alikuwa ametajwa mwaka 2005 katika mzunguko wa 7. Fikirieni nyumba hiyo: mlango uliomfungukia kaka, umemfungia mdogo.

Ila drafti ikimalizika, kazi inaendelea. Jioni hiyo hiyo timu huanza kuwapigia simu waliobaki. Wasiotajwa wanaweza kusajiliwa kwa mkataba mdogo usio na dhamana kubwa. Anayetajwa mapema hupewa mamilioni na subira. Asiyetajwa hupewa jezi na nafasi ya kujaribu, na anaweza kuondolewa siku yoyote. Minnesota Vikings walimsajili Husain kwa njia hiyo.

Funzo la kwanza: orodha hupanga foleni tu

Hapa nataka tumkumbuke ndugu yetu wa Afrika Mashariki, Hasheem Thabeet wa Dar es Salaam. Yeye alikuwa mpira wa kikapu, si huu, lakini utaratibu ni ule ule. Alicheza Chuo Kikuu cha Connecticut, na mwaka 2009 jina lake lilisomwa la pili katika nchi nzima. Stephen Curry, ambaye leo kila kijana anamjua, alisomwa wa saba mwaka huo huo. Thabeet akawa Mtanzania wa kwanza kucheza NBA. Lakini kabla msimu wake wa kwanza haujaisha alishushwa kwenye ligi ndogo ya maendeleo, na baada ya msimu wa 2013/14 hakucheza tena NBA.

Simtaji kwa kumcheka, Allah atuepushe. Kijana aliyetoka Dar es Salaam akafika pale amefanya jambo kubwa, na timu zilizomchagua ndizo zilizokadiria. Nasema tu kwamba wataalamu wenye vipimo, video na fedha nyingi walimweka mtu wa pili, na hawakujua kesho yake. Wataalamu wengine walimwacha Husain nje ya watu 252, na hawakujua kesho yake pia. Orodha ni makisio ya watu. Inapanga nani aanze wapi kwenye foleni, haiandiki rizki ya mtu.

Sisi wanafunzi tunalisema hili kwa ulimi, lakini ubao wa matangazo ukitukataa tunatembea kama tumehukumiwa. Mimi ndivyo nilivyotembea siku ile hadi Jabe.

Funzo la pili: kazi isiyotamaniwa

Asiyetajwa anaingiaje timuni? Siku hizi kila timu huanza kambi ya kiangazi na wachezaji hadi 90, na kabla ya msimu hubaki 53. Yaani watu 37 huondoka katika kila timu. Zidisheni kwa timu 32: watu 1,184. Baadhi yao hurudishwa kwenye kikosi cha mazoezi. Wengi hurudi nyumbani.

Nimeiweka hesabu hii makusudi. Tumezoea mihadhara ya motisha inayosema "amini tu, utafika." Si kweli kwamba kila anayejitahidi hupata alichokitaka. Wengi kati ya hao 1,184 walijitahidi pia, na wengine waliswali na kuomba. Kutawakali si kumlazimisha Mola akupe ulichokichagua wewe.

Wanaobaki mara nyingi hubaki kwa njia moja: wanakubali kazi ambayo nyota hawaitaki. Kuna vikosi maalumu, wale wanaoingia uwanjani wakati wa kupiga mpira mrefu kwa mguu na wakati wa kuupokea. Ni kukimbia kwa kasi yote kwenda kugongana na mtu anayekuja kwa kasi yote, mara chache katika mchezo, na televisheni haikutaji. Husain alianzia huko. Miaka miwili baadaye, mwaka 2010, ndipo akawa mlinzi wa nyuma wa kuanza.

Mwingine ambaye hakutajwa ni Kurt Warner, mwaka 1994. Timu ya Green Bay ilimchukua kambini ikamwondoa kabla ya msimu, akaenda kufanya kazi ya usiku ya kupanga bidhaa kwenye rafu za duka kubwa huko Iowa, huku akiendelea na mazoezi. Januari 2000 aliiongoza timu ya St. Louis Rams kutwaa ubingwa. Niliposoma habari ya rafu zile nilikuwa nimekaa dukani, nyuma yangu sukari na mchele. Sikupata ndoto ya kuwa bingwa. Nilijiuliza swali dogo tu: je, hesabu za duka hili, ambazo baba mdogo anaziandika kwenye daftari lililochanika, nimewahi kuzitazama kwa elimu niliyoisomea miaka mitatu? Sikuwahi. Niliona ni kazi ndogo kuliko cheti changu.

Tunakijua kisa cha Nabii Yusuf, alayhis salaam. Alimwomba mfungwa mwenzake amtaje kwa mfalme, yule akasahau, na Yusuf akabaki gerezani miaka. Jina lake halikutajwa. Lakini siku lilipotajwa, alikuwa na elimu ya kutoa: alieleza ndoto, akaeleza na namna ya kuhifadhi nafaka kwa miaka ya njaa. Miaka ya kusahauliwa haikumwacha mtupu. Tujiulize: jina langu likitajwa kesho, nitakuwa na nini mkononi?

Funzo la tatu: mlango usiokudai dini yako

Mtu aliyeingia kwa shida huogopa kutolewa, na mwenye hofu hiyo ni rahisi kuacha swala ili asionekane msumbufu. Wangapi kati yetu tumeficha swala ya Adhuhuri wakati wa mafunzo ya kazi?

Mwaka 2010 Ramadhani iliangukia Agosti, katikati ya kambi ya mazoezi, joto kali, mazoezi ya nguvu. Husain ndiyo kwanza anagombea nafasi ya kuanza. Alifunga. Hakwenda kulalamika, wala hakufunga kwa siri mpaka aanguke. Walipanga pamoja na wahudumu wa timu namna ya kula na kunywa usiku ili mwili uhimili mchana. Hapo kuna hadithi ya ngamia: mtu alimuuliza Mtume, swallallahu alayhi wasallam, kama amfunge ngamia wake au amwache na kutawakali, naye akamwelekeza amfunge na atawakali. Mpango wa daku ulikuwa kamba ya ngamia.

Na mwaka 2012 alifanya lililo zito zaidi. Mkataba wake na Vikings ulikuwa umekwisha. Mchezaji wa aina yake akikaa nje msimu mmoja huenda asiitwe tena. Yeye na kaka yake Hamza wakauacha msimu huo wote, wakaenda Hija. Watoto wawili wa nyumba moja, mmoja aliyetajwa na mmoja asiyetajwa, sasa wamevaa ihramu moja. Mwaka 2013 Kansas City wakamsajili Husain. Wangeweza kutomsajili, na Hija yake ingebaki Hija.

Funzo la nne: sijda, na kujua pa kuishia

Turudi kwenye swali la mdogo wangu. Kanuni za ligi zilikataza kushangilia ukiwa umelala au umepiga magoti, na mwamuzi akatoa adhabu ya yadi 15. Siku ya pili ligi yenyewe ikatangaza kwamba mchezaji anayeshuka chini kwa sababu ya ibada hapaswi kuadhibiwa. Husain mwenyewe hakufanya ugomvi, alidhani huenda kosa lilikuwa ule mtelezo wa magoti.

Kwa madhehebu ya Shafi'i, ambayo wengi wetu hapa tunayafuata, sijda ya shukrani ni sunna mtu anapopata neema mpya au anapoondokewa na balaa. Ina masharti yake, muulizeni ustadhi. Mimi nilijiuliza jambo jingine: mtu aliyesimama nje ya majina 252, akisujudu, anashukuru nini? Nadhani anashukuru kwamba anajua ni nani hasa aliyemwita.

Machi 2016, akiwa na miaka 30, aliacha mpira. Alikuwa amepata mitikisiko mitano ya ubongo, akaona akili na mwili ni amana. Alihangaika kuingia kupitia mlango mwembamba, na bado alijua siku ya kutoka. Hilo nalo ni katika kutawakali: kutokigeuza ulichokipigania kuwa mungu wako.

Kutoka dukani

Mtauliza mimi nimefikia wapi. Nimeomba tena mwaka huu, na majibu bado. Jioni nafanya hesabu za duka. Mwezi wa kwanza tuligundua bidhaa mbili ambazo tulikuwa tukiziuza kwa hasara bila kujua. Baba mdogo alilitazama daftari jipya kwa muda mrefu, akasema, "Kumbe ulikuwa unasoma kweli." Siku hizi muuza mchele wa jirani naye ameniletea daftari lake.

Simdanganyi mtu kwamba hii ni sawa na ufadhili. Bado nautaka. Lakini nimerudi darasani, na nimejua la kuwaambia wadogo zetu wa mwaka wa kwanza: mwenye bidii huwa tayari. Kupata ni kwa Mwenye kugawa.

Maswali ya kujadili katika darasa

1. Ni orodha gani ambayo umeiachia ikuhukumu? Nani aliiandika, naye alijua nini kuhusu kesho yako?
2. Taja kazi moja iliyo karibu nawe unayoiona ndogo kuliko elimu yako. Inakosa nini ambacho wewe unacho?
3. Kuna ibada uliyoificha kwa kuogopa kupoteza nafasi? Ungewezaje kuizungumza kwa adabu na mpango, kama Husain na daku yake?
4. Hamza alitajwa na Husain hakutajwa, na kaka na mdogo hawakuachana. Katika darasa letu wapo waliotajwa na wasiotajwa. Tunafanya nini ili wasioneane haya?

Ewe Mola, uliyewajua kwa majina yao wale ambao hakuna aliyewataja, tupe elimu yenye manufaa, rizki ya halali, na nyoyo zinazoridhika na mgao wako. Amin.

Wabillahi tawfiq.