Watubu wa Theluji: Kabla ya Kusema "Ni Ishara"



Katika utume wetu wa mwisho wa juma tulikaa na jumuiya ndogo ndogo moja baada ya sala. Mama mmoja akatuonyesha picha kwenye simu yake. Ilikuwa ya uwanda wa theluji juu milimani, na juu yake walionekana kama watu mamia, weupe, wembamba, vichwa vimechongoka, wote wameinama upande mmoja. Ujumbe uliofuatana na picha ulisema kwamba hao ni watawa waliogeuzwa theluji wakiombea dhambi za dunia, na kwamba atakayetuma sadaka kwa namba iliyotajwa ataombewa pamoja nao. Mama alikuwa amekwisha kutuma shilingi 5,000. Akatuuliza, "Mafrateri, hii si ishara?"

Tulitazamana. Hatukujua kile kitu ni nini. Mmoja wetu akasema, "Mungu ni mkuu, Mama," na mazungumzo yakaishia hapo. Maneno yale yalikuwa ya kweli, lakini hayakumjibu. Somo hili limetokana na aibu ile.

1. Kitu chenyewe ni nini?

Tulipotafuta, tuligundua kwamba picha ni ya kweli. Uongo ulikuwa katika maelezo yake. Maumbo yale huitwa kwa Kihispania penitentes, yaani watubu. Jina hilo limetokana na mfanano: yanafanana na waamini wanaoandamana katika Juma Kuu huko Hispania, wakiwa wamevaa kanzu ndefu na vifuniko vya kichwa vilivyochongoka.

Kwa hakika ni vipande vyembamba vya theluji ngumu au barafu, vilivyosimama kama visu vilivyoelekezwa juu. Vingine vina urefu wa sentimita chache tu, vingine hupita mita 5. Kwa kawaida safu zake hulala kutoka mashariki kwenda magharibi, na ncha zake huinamia upande lilipo jua la adhuhuri. Makao yake maarufu ni milima ya Andes, mpakani mwa Chile na Argentina, hasa juu ya mita 4,000. Hata hapa kwetu, wapanda mlima wameyaona kwenye barafu iliyo karibu na kilele cha Kilimanjaro.

2. Yametokeaje?

Mnamo Machi 1835, Charles Darwin alivuka Andes kutoka Santiago kwenda Mendoza, akapita katikati ya nguzo hizo. Juu ya nguzo mojawapo alimwona farasi aliyeganda, miguu yake ya nyuma ikielekea juu. Farasi alifikaje huko? Darwin alifikiri hivi: mnyama huyo alitumbukia kichwa chini katika shimo wakati theluji ilikuwa bado imejaa pande zote. Baadaye theluji iliyomzunguka ikayeyuka na kuondoka, naye akabaki juu.

Tuyashike mawazo hayo, maana ndiyo ufunguo. Nguzo hizi hazikuota kutoka chini kama mihogo, wala hazikujengwa kama kichuguu. Ni mabaki. Anayetaka kuzielewa asiulize nani aliziinua, bali aulize kilichokuwa kando yake kimekwenda wapi.

Wako waliodhani kwamba upepo ndio uliozichonga. Lakini mwaka 1954 Mfaransa Louis Lliboutry, mtaalamu wa barafu, alieleza kwamba kazi hiyo hufanywa na jua kali katika hewa kavu na baridi. Tufuate hatua kwa hatua.

Kwanza, uso wa theluji huwa na vibonde vidogo, kwa kuwa hakuna theluji iliyo sawa kabisa. Mwanga wa jua unaoingia katika kibonde hurudishwa kutoka ukuta mmoja hadi mwingine, hivyo kibonde hupokea joto zaidi kuliko mgongo ulio kando yake. Kwa hiyo huchimbika upesi zaidi; na kadiri kinavyochimbika, ndivyo kinavyozidi kunasa mwanga.

Pili, pale juu kwenye ncha hewa ni kavu sana. Barafu haiwi maji kwanza, bali hugeuka mvuke moja kwa moja. Kazi hiyo hula joto jingi: kugeuza kilo moja ya barafu kuwa mvuke kunahitaji joto zaidi ya mara 8 ya lile la kuiyeyusha kuwa maji. Kwa hiyo ncha hubaki baridi na hupungua polepole. Chini ya kibonde, hewa imetulia na ina unyevu. Huko barafu huyeyuka kuwa maji, na joto lile lile huondoa barafu nyingi zaidi. Bonde hushuka mbio, ncha hushuka taratibu. Tofauti hiyo ndiyo "mtubu".

Mwaka 2006 watafiti walichapisha habari kwamba waliweza kutengeneza watubu wadogo wa sentimita chache maabarani, kwa taa na hewa baridi iliyo kavu. Hawakuwa na mlima, wala hawakuhitaji watawa.

3. Falsafa inatusaidia nini hapa?

Aristotle alitufundisha kutafuta sababu za kitu kwa namna nne: kimefanywa kwa nini, kina umbo gani, nini kilikifanya, na kwa lengo lipi. Ujumbe ule wa simu uliruka maswali yote ukashika mfanano peke yake: yanafanana na watu wanaosali, basi ni watu wanaosali. Lakini kufanana si sababu. Wingu linaweza kufanana na ng'ombe, wala hakuna atakayekwenda kulikamua.

Je, kujua sababu ya asili kunamwondoa Mungu? Mtakatifu Tomaso wa Akwino alikwisha kulijibu swali hilo. Mungu huviongoza viumbe hata kwa kuvijalia navyo viwe visababishi vya kweli, si kwa sababu ya udhaifu wake bali kwa wingi wa wema wake. Basi jua linapochonga theluji, si kwamba Mungu amelala. Wala si lazima kila kinachotushangaza kiwe muujiza. Kanisa lenyewe, kabla ya kutamka kwamba uponyaji fulani ni muujiza, huwasikiliza kwanza madaktari.

Katika Kitabu cha Ayubu (13:7), Ayubu anawauliza rafiki zake kama wanataka kusema uongo kwa ajili ya Mungu. Swali hilo linatuhusu sisi tunaojiandaa kufundisha. Mungu hahitaji tumtetee kwa habari tusizozichunguza. Na tukinyamaza kwa kuogopa kuonekana hatujui, anayelipa ni mama mwenye shilingi 5,000.

4. Tulirudi

Juma lililofuata tulirudi kwa Mama yule. Tukamwomba radhi kwa kumjibu juu juu, tukamweleza habari ya jua na vibonde, na tukamsihi asitume tena fedha kwa namba ile. Aliudhika kidogo, kisha akaitazama tena ile picha. Akasema, "Haya, Mafrateri. Si watawa. Lakini mbona bado ni nzuri vile vile?"

Hapo hatukuwa na la kumsahihisha. Aliyejua sababu na asiyeijua wote wanaweza kushangaa. Tofauti ni kwamba wa kwanza hadanganywi kirahisi. Picha ile bado inaweza kutukumbusha toba, ilimradi tuseme wazi kwamba huo ni mfano tuliouweka sisi, si ujumbe ulioandikwa na theluji.

Maswali ya kujadili katika jumuiya

1. Ni habari gani ya "ishara" tuliyowahi kuwatumia wengine bila kuichunguza? Nani angeweza kuumia kwayo?

2. Mtu akituuliza jambo la imani tusilolijua, tunaweza kumjibuje bila kumdanganya na bila kumkatisha tamaa?

3. Je, kitu kikishaelezwa na sayansi, tunaacha kumshukuru Mungu kwa ajili yake? Kwa nini?