Somo la Mwezi: Kuilinda Kromu Isiharibiwe na Kutu

Ndugu mkulima, mvua ikianza hapa Eldoret, si mahindi peke yake yanayoota. Kutu nayo huota.

Sehemu nyingi zinazong'aa za baiskeli, pikipiki na trekta zimepakwa kromu. Wengi hudhani kromu ni unene wote wa chuma. Sivyo. Ni ngozi tu, nyembamba kuliko unywele zaidi ya mara mia, nayo imelala juu ya nikeli, na nikeli juu ya chuma. Kromu yenyewe haishiki kutu, lakini ina vitundu na nyufa zisizoonekana. Maji hupita humo, chuma cha chini huliwa, na ngozi hubambuka. Mbolea ya dukani na mkojo wa ng'ombe huzidisha uharibifu.

Fanya hivi siku ya jua, kivulini, mbali na moto:

1. Osha kwa maji na sabuni. Suuza, ukaushe kabisa.

2. Penye kutu kidogo, sugua polepole kwa karatasi ya alumini iliyolowa maji. Usitumie msasa, kwani utaimaliza kromu.

3. Futa kwa kitambaa safi chenye spiriti. Kromu ni laini kama kioo. Pakibaki mafuta, hata ya kidole, vanishi haitashika.

4. Paka vanishi ya chuma isiyo na rangi, nyembamba. Ikikauka, paka mara ya pili.

Vanishi ikibambuka baadaye, iondoe yote, uanze upya, kwa maana maji hujificha chini yake. Asiyetaka taabu hiyo apake nta ya magari kila mwezi.

Sasa angalia sana. Usipake vanishi wala nta kwenye rimu za baiskeli zinazoshikwa na breki, hutasimama mteremkoni. Usipake vanishi kwenye bomba la moshi, itaungua. Wala usiipake kwenye fimbo za kromu za silinda zinazoinua trela ya trekta. Fimbo hizo zirudishe ndani kazi ikiisha. Zisizoweza kuingia, zipake grisi. Zikila kutu zitakata raba ya ndani, mafuta yavuje, na trela iliyojaa mahindi isiinuke siku ya mavuno.

Maswali

1. Kutu huanzia wapi, juu ya kromu au chini yake?

2. Kwa nini twafuta kwa spiriti kabla ya kupaka vanishi?

3. Taja mahali patatu pasipopakwa vanishi.