SADAKA NA HAKI

Kumpa mwenye njaa chakula ni tendo la huruma, nalo latupasa sote. Lakini je, latosha? Maisha ya Mhashamu Hélder Câmara, aliyekuwa Askofu Mkuu wa Olinda na Recife katika nchi ya Brazili, yatusaidia kulijibu swali hili.

Alizaliwa mjini Fortaleza mwaka 1909, akapewa Upadre mwaka 1931. Katika ujana wake alifuata kwa muda chama cha siasa kilichopenda utawala wa mabavu. Baadaye alikiri wazi kwamba alikosea. Mwaka 1955, akiwa Askofu Msaidizi wa Rio de Janeiro, alitayarisha Kongamano la Ekaristi la Kimataifa. Hapo Kardinali Gerlier wa Lyon, Ufaransa, alimshauri autumie ujuzi ule wa kupanga mambo kwa ajili ya maskini waliojazana vibandani. Akaanza kuwajengea nyumba, na mwaka 1959 akaanzisha Benki ya Maongozi ya Mungu ili kuwasaidia wahitaji. Watu wakamsifu.

Mwezi Aprili 1964 alikabidhiwa Jimbo Kuu la Olinda na Recife, siku chache tu baada ya wanajeshi kuipindua serikali. Katika sehemu hizo wakata miwa wa mashamba makubwa waliishi katika ufukara. Askofu hakugawa chakula tu, bali aliuliza kwa nini mtu afanyaye kazi tangu alfajiri hadi jioni alale na njaa. Kwa swali hilo sifa zikageuka. Akaitwa mkomunisti, ingawa daima aliikataa njia ya bunduki.

Mwaka 1968 aliiacha nyumba kubwa ya kiaskofu, akahamia vyumba vichache nyuma ya kanisa dogo. Mwezi Mei 1969 Padre Antônio Henrique Pereira Neto, kijana wa miaka 28 aliyewalea vijana wa jimbo hilo, alitekwa nyara akauawa. Hapana shaka jeraha hilo lilimwumiza Askofu kuliko kama angepigwa yeye mwenyewe. Hata hivyo hakunyamaza. Mwaka 1970, mjini Paris, alitangaza hadharani kwamba wafungwa wa nchi yake waliteswa. Magazeti ya Brazili yakakatazwa kwa miaka kadhaa hata kulitaja jina lake. Alistaafu mwaka 1985, mwaka ule ule utawala wa wanajeshi ulipokoma, akafariki mwaka 1999.

Twajifunza nini? Kwanza, sadaka haiwezi kushika mahali pa haki. Mtu aweza kutoa sadaka nono siku ya Dominika, na huku mtumishi wa nyumbani mwake hajalipwa mshahara wa miezi miwili. Fedha ile si sadaka, ni deni.

Pili, anayewatetea maskini hana budi kukubali kupungukiwa. Maneno ya Askofu yalikuwa na nguvu kwa sababu mlango wake ulikuwa wazi, na nyumba yake ndogo.

Tatu, aliyekosea jana aweza kuwa shahidi wa kweli leo, akikubali kufundishwa.

Enyi wazazi, jioni ya leo, kabla ya sala ya familia, ulizaneni pamoja na watoto wenu: Je, yuko mtu tunayemhurumia, kumbe tunamdhulumu? Akiwapo, basi tumlipe kwanza haki yake, ndipo tupige magoti.