Ajali Ina Kinga: Kijitabu cha Kaya Kuhusu Barabara

Ajali haina kinga, walisema wazee, na kwa ajali waliyoijua wao hawakukosea. Neno hilo lilitufikia kutoka Kiarabu, na maana yake ya zamani ni siku ya mtu iliyoandikwa, saa ambayo ikifika haisogezwi. Kosa ni letu sisi wa leo, tuliolichukua neno hilo tukalibandika juu ya basi lililokatika breki kwa kukosa matengenezo, na juu ya dereva aliyesinzia kwa sababu ameshika usukani tangu alfajiri. Tunamsingizia Mungu kazi ya watu.

Madereva wana vitabu vyao. Hiki ni cha kaya: mama anayemtuma mtoto dukani ng'ambo ya barabara, kijana aliyenunua pikipiki kwa mkopo, bibi anayesikia honi ya usiku na kuhesabu ni nani hajarudi.

Nani hufa barabarani

Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba mwaka 2021 watu milioni 1.19 walikufa barabarani. Ukigawa kwa siku, ni zaidi ya watu 3,200 kila siku, Jumapili na sikukuu zikiwamo. Majeruhi wanaopona ni kati ya milioni 20 na 50 kwa mwaka, ingawa "kupona" hapa ni neno la ukarimu, maana wengi hurudi nyumbani na gongo au kichwa kisichokumbuka vizuri.

Kwa watu wa miaka 5 hadi 29, barabara ndiyo sababu ya kwanza ya vifo duniani. Litazame jambo hili kwa jicho la mzazi. Umempeleka mtoto chanjo zote, umemlaza ndani ya chandarua, umempima uzito mwezi hadi mwezi. Anatimiza miaka 5, unaiweka kadi ya kliniki kabatini na kushusha pumzi. Muda huohuo anaanza kuvuka barabara kwenda shule, na hakuna nesi wa kumwandikia tarehe ya kurudi.

Tena msiba huu haugawanywi sawa. Kati ya kila vifo 100, vifo 92 hutokea katika nchi za kipato cha chini na cha kati, ambazo zina magari kama 60 tu kati ya kila 100 duniani. Kanda ya Afrika ina asilimia 15 ya watu wote na asilimia 3 ya magari, lakini inazika karibu mmoja kati ya kila watano wanaokufa barabarani. Na wakati hesabu ya dunia ilipungua kwa asilimia 5 kati ya 2010 na 2021, ya kwetu ilipanda kwa asilimia 17.

Zaidi ya nusu ya wanaokufa hawakuwa ndani ya gari. Asilimia 23 walikuwa wakitembea kwa miguu, asilimia 21 walikuwa juu ya pikipiki au ndani ya bajaji, asilimia 6 walikuwa juu ya baiskeli. Wanaume hufa karibu mara tatu kuliko wanawake, na wengi wako katika umri wa kazi. Mlangoni kwa marehemu maana yake ni kwamba anayeondoka mara nyingi ndiye aliyekuwa akilipa kodi ya nyumba na ada ya shule.

Hapa naomba niseme neno la pembeni. Mtu akigongwa, tunasikia kwamba "alivuka kizembe". Barabara ya njia nne imepasua mtaa katikati: soko upande huu, shule upande ule, kivuko kiko mbali kwa mwendo wa robo saa juani. Mama mwenye beseni la nyanya kichwani afanye nini? Kabla ya kumwita mzembe, tuulize nani alichora barabara ile na alidhani watu watavukia wapi.

Mwendo na mnazi

Mwendo ndio moyo wa jambo lote. Mtu anayegongwa na gari liendalo kilomita 30 kwa saa hupata kishindo sawa na cha kuanguka kutoka mita tatu na nusu, kama mtoto aliyeteleza kutoka kwenye paa la nyumba ya chini. Ataumia, na huenda akavunjika, ila wengi huishi. Kwa kilomita 50 ni kuanguka kutoka mita 10. Kwa kilomita 80 ni mita 25, yaani kuachia mikono kwenye kilele cha mnazi mrefu. Mkwezi yeyote wa pwani atakwambia nini kinakuwa chini ya mti huo.

Ndiyo sababu tofauti ambayo dereva haioni, mwili unaiona. Gari likitoka kilomita 50 hadi 65 kwa saa, hatari ya kifo kwa mtu anayegongwa kwa mbele huongezeka zaidi ya mara nne. Isitoshe, kutoka dereva anaposhtuka hadi mguu wake uguse breki hupita kama sekunde moja. Kwa mwendo wa 50, gari limeshakula mita 14 katika sekunde hiyo. Kwa mwendo wa 80 limekula mita 22, na breki bado haijaanza kazi.

Kwa hiyo mtoto afundishwe kuogopa mwendo kuliko gari lenyewe. Kabla ya miaka 9 au 10, watoto wengi hawawezi kukadiria kasi ya gari linalokuja. Wanaona gari dogo kule mbali, wanadhani wana muda. Usimtume dukani peke yake ng'ambo ya barabara kuu, hata kama "amezoea". Mkivuka pamoja, mshike kifundo cha mkono, maana kiganja huchomoka. Asipite mbele ya daladala lililosimama kushusha abiria, kwa kuwa dereva wa gari linalolipita hamuoni mpaka anapotokeza. Alfajiri na magharibi avae nguo nyeupe au ya rangi ya kung'aa, na sare ya shule ikiwa ya rangi nzito, mfuko mweupe mgongoni unasaidia.

Penye barabara isiyo na njia ya miguu, tembea ukiyatazama magari yanayokuja. Tanzania, Kenya na Uganda magari hupita kushoto, basi wewe tembea kulia. Ukivuka mpaka kuingia Rwanda, Burundi au Kongo, au ukiwatembelea ndugu Oman, mambo yanageuka: magari hupita kulia, na gari la kwanza kukufikia linatoka upande ambao shingo yako haijazoea kuutazama.

Pikipiki

Hospitali nyingi zina wodi ambayo watu wameibatiza wodi ya bodaboda, na wauguzi hawalitaji jina hilo kwa mzaha. Pikipiki imeleta ajira, imemfikisha mjamzito kliniki pasipopita gari, na hakuna kaya itakayoiacha kwa kusoma kijitabu. Tuzungumzie kichwa, basi.

Kofia ngumu hufanya kazi kwa povu gumu lililo ndani yake: likigonga lami linapondeka, na kwa kupondeka linakula kishindo ambacho kingeingia kwenye ubongo. Kwa sababu hiyo kofia iliyowahi kugonga chini haifai tena, hata kama ganda la nje linang'aa. Na isiyofungwa kidevuni ni pambo, kwa kuwa huruka kabla ya mwenyewe hajafika chini. Kofia ya mjengoni haina povu hilo; inazuia kokoto lidondokalo, haizuii lami.

Wengi, hasa kina mama, hukataa kofia ya bodaboda kwa jasho la abiria waliotangulia au kwa ajili ya nywele zilizosukwa juzi. Hoja hiyo ina ukweli ndani yake, na dawa yake ni rahisi: tembea na kitambaa chepesi mkobani, ujifunge kwanza, kisha uvae kofia juu. Ukiwa na bodaboda mmoja wa kudumu anayemchukua mtoto shule, mnunulie mtoto kofia ya saizi yake, akae nayo mwenyewe. Kigali abiria wa pikipiki huvaa kofia kama dereva, na hakuna anayemshangaa.

Mshikaki, yaani abiria wawili watatu juu ya pikipiki moja, unaokoa shilingi chache na kulemaza breki. Mtoto kwenye tangi la mafuta mbele ya baba yake ndiye wa kwanza kuruka.

Mkanda, na mtoto mapajani

Mkanda tunaofunga leo begani na kiunoni ulibuniwa na Nils Bohlin, mhandisi wa Volvo nchini Sweden, mwaka 1959, na kampuni hiyo ikaruhusu wengine wautumie. Kwa anayekaa mbele unaweza kupunguza hatari ya kifo kwa nusu. Wa nyuma hudhani kiti cha mbele kitamzuia. Kweli kitamzuia, na wa mbele ataubeba uzito wake.

Mama anayempakata mtoto wa kilo 10 huamini mikono yake. Gari liendalo 50 likigonga na kusimama ghafla, mtoto huyo huvutwa mbele kwa uzito uzidio gunia la mahindi la kilo 100. Hakuna mikono ya kuzuia hilo. Kiti cha mtoto ni ghali, najua, ila vipo vya mitumba visivyowahi kupata ajali, na ndugu wanaweza kuazimana mtoto wa kwanza akikua.

Abiria, fungua mdomo

Mwaka 2004 Kenya, chini ya Waziri John Michuki, matatu zililazimishwa kufunga mikanda na vidhibiti mwendo vya kilomita 80. Watu bado wanaziita sheria za Michuki. Miaka michache baadaye watafiti James Habyarimana na William Jack walijaribu jambo la bei rahisi zaidi: waliweka ndani ya matatu vibandiko vinavyomhimiza abiria amkemee dereva anayekimbiza gari. Magari yaliyopewa vibandiko yalichaguliwa kwa bahati nasibu, ili yalinganishwe na yasiyopewa. Madai ya bima yaliyohusu majeruhi na vifo yalipungua kwa nusu au zaidi katika matatu zenye vibandiko. Jaribio kubwa lililofuata, lililoitwa Zusha!, nalo lilipunguza madai, safari hii kwa takriban robo hadi theluthi.

Binafsi nimewahi kupanda basi la usiku ambalo dereva alikuwa akipita malori kwenye kona, na abiria zaidi ya 50 tukanyamaza, kila mmoja akisubiri mwingine aseme. Mzee mmoja wa siti ya nyuma akapaza sauti, "Dereva, mwanangu, sisi si mzigo wa viazi." Watu wakacheka, kisha wakaanza kuzomea. Mwendo ukashuka. Wa kwanza ndiye mgumu; wa pili hupatikana bila kutafutwa.

Barabara ya shule

Dar es Salaam shirika la Amend lilipita shule za msingi zenye watoto wengi waliogongwa, likatengeneza vitu ambavyo fundi yeyote wa mtaa anavielewa: njia ya miguu iliyotengwa na magari, matuta, vivuko vilivyopakwa rangi, geti lililohamishwa kutoka barabara kuu kwenda ya pembeni. Mwendo ukashuka na majeruhi wakapungua. Mwaka 2019 kazi hiyo ilipata tuzo ya kimataifa ya miji ya taasisi ya WRI.

Wazazi wanaweza kuanza kabla ya shirika lolote kufika. Kamati ya shule isimame getini asubuhi tatu, ihesabu watoto wanaovuka na iandike mahali walipogongwa wengine. Karatasi hiyo ipelekwe serikali ya mtaa, ipigwe muhuri, kisha iende kwa mwenye barabara: barabara kuu ni za TANROADS, za mitaani na vijijini ni za TARURA. Kenya mlango ni KeNHA, KURA au KeRRA. Barua yenye hesabu na muhuri si rahisi kuitupa.

Ikishatokea

Piga 112, Tanzania na Kenya. Mtu mmoja asimame nyuma ya gari kuzuia magari mengine. Damu inayochuruzika ibanwe kwa kitambaa safi na kiganja, bila kuachia ili kuchungulia. Majeruhi asinyweshwe maji wala soda. Asivutwe nje kwa mkono au mguu isipokuwa gari linawaka. Akilazimika kusogezwa, watu wanne wamnyanyue kwa pamoja, shingo na mgongo vikiwa mstari mmoja.

Lori la mafuta likipinduka, wachukue watoto mkimbie. Molo nchini Kenya mwaka 2009, Sange nchini Kongo mwaka 2010, Morogoro mwaka 2019: kila mahali walikufa zaidi ya watu 100, wakiwamo waliosogea kuchota mafuta au kutazama.

Kisha yapo makaratasi, ambayo familia zenye msiba huyasahau. Kila gari linalotembea barabarani linapaswa kuwa na bima ya mtu wa tatu, na mtu huyo wa tatu ndiye wewe uliyegongwa ukitembea. Bila ushahidi hutalipwa. Mmoja aende hospitali na majeruhi, mwingine aende kituo cha polisi kufuata PF3, au P3 kwa Kenya, ili fomu isiyacheleweshe matibabu. Tunzeni risiti zote. Pigeni picha gari kabla halijasogezwa, kibandiko cha bima, kama kipo, kionekane, na namba ya usajili iandikwe papo hapo, hata kwa mkaa ukutani kama hakuna kalamu.